Rungwe au Mtorwi? Ubingwa wa milima Kusini wakwama kwenye mita moja

TUKUYU. MWAKA 1986 Tukuyu Stars, ‘Banyambala’, walifanya kitu ambacho mashabiki wa soka nchini wanakisimulia mpaka leo. Timu ya mji mdogo wa Wilaya ya Rungwe ilipanda daraja, ikaingia ligi kubwa ya nchi na kubeba ubingwa msimu uleule wa kwanza, mbele ya vigogo Simba na Yanga.

Ubingwa ule hauna mjadala. Umeandikwa, umehesabiwa, umefungwa.

Lakini ukifika Kata ya Makandana, hapohapo mjini Tukuyu, ukatazama kaskazini siku ambayo ukungu umefunguka, utamuona bingwa mwingine wa wilaya ambaye ubingwa wake bado una maneno. Huyo ni Mlima Rungwe.

Kwa mtu aliyekulia Makandana, Rungwe ndiyo habari yote. Ndiko mvua inakotoka, ndiko mito inakoanzia, na jina la wilaya limechukuliwa huko. Mwambie kuna mlima mwingine Nyanda za Juu Kusini unaoupita kwa urefu, jiandae kwa ubishi mzito kuliko wa penalti ya dakika ya 90.

Tatizo ni kwamba vitabu vingi vinasema upo. Unaitwa Mtorwi, uko upande wa Kitulo, kwenye safu ya milima ya Kipengere. Na tofauti inayotajwa ni mita moja tu.

NGOMA ILIPOKWAMA

Msimamo unaojulikana zaidi ni huu: Mtorwi mita 2,961, Rungwe mita 2,960. Hiyo ni sawa na timu mbili kumaliza ligi zikiwa na pointi sawa, halafu moja ikachukua kombe kwa bao moja la kufunga na kufungwa.

Ingekuwa imeishia hapo, watu wa Makandana wangemeza tu. Lakini Rungwe haina namba moja. Kuna machapisho yanayoupa mlima huo mita 2,981, na orodha za wataalamu wa volkano zinauweka kwenye mita 2,953.

Piga hesabu. Ukichukua 2,981, Rungwe inaongoza kwa mita 20 na kombe linakuja Tukuyu. Ukichukua 2,953, imeachwa kwa mita nane. Ukichukua 2,960, inalala kwa mita moja.

Kituko ni kwamba yapo maandiko yanayoupa Rungwe mita 2,981 na hapohapo yanauita mlima wa pili Kusini. Kwa shabiki wa mpira, hiyo ni sawa na kusoma timu yenye pointi nyingi imemaliza nafasi ya pili.

Je, mita moja ni kitu cha kugombania? Muulize shabiki wa Liverpool. Januari 3, 2019, mpira uliookolewa na John Stones wa Manchester City ulibakiza milimita 11 tu kuvuka wote mstari wa goli. Kamera za goli zikakataa. City walishinda 2-1, na mwisho wa msimu wakachukua ubingwa kwa pointi 98 dhidi ya 97 za Liverpool.

Kipimo ndicho kilichoamua. Tofauti ni kwamba kule uwanjani kila mtu alijua mstari uko wapi na kifaa ni kipi. Kwenye milima, mambo hayo mawili ndiyo yanayoleta kesi.

MSTARI WA GOLI UKO BAHARINI

Urefu wa mlima unaosomwa shuleni hauanzii kwenye miguu ya mlima. Unaanzia kwenye usawa wa bahari. Kwa hiyo Rungwe, iliyo mamia ya kilomita kutoka Bahari ya Hindi, inapimwa kwa kutumia maji ambayo hata kutoka kileleni huwezi kuyaona.

Maji unayoweza kuyaona kutoka huko juu ni ya Ziwa Nyasa, na ziwa lenyewe liko takribani mita 475 juu ya usawa wa bahari.

Bahari nayo haitulii, inajaa na kupwa. Ndiyo maana wapimaji huweka kifaa bandarini, wakarekodi maji yanavyopanda na kushuka kwa miaka, kisha wakatafuta wastani. Wastani huo ndio sifuri, mstari wao wa goli.

Kutoka hapo, kazi ya zamani ilikuwa kuivusha sifuri hiyo mpaka bara, hatua kwa hatua, kwa darubini na fimbo zenye alama. Kila hatua ina kosa dogo. Ukipiga hatua nyingi, makosa madogo yanakusanyika kama kadi za njano.

Ukibadilisha mahali pa kuanzia, mabingwa nao wanabadilika. Everest ndiyo mlima mrefu duniani kwa mita 8,848.86, lakini hiyo ni kutoka usawa wa bahari.

Ukipima kutoka katikati ya dunia, kinara ni Chimborazo wa Ecuador, wenye mita 6,263 tu juu ya bahari. Sababu ni kwamba dunia si mviringo kamili, imevimba kidogo kwenye Ikweta, na Chimborazo umekaa juu ya uvimbe huo. Kilele chake kinaizidi Everest kwa takribani kilomita mbili kutoka kitovu cha dunia.

Ukianza kupima kwenye kitako chenyewe cha mlima, Mauna Kea wa Hawaii unachukua. Juu ya maji una mita 4,207, lakini ukihesabu kuanzia chini kabisa baharini unapita mita 10,000.

Hapa ndipo Rungwe inapopata bao lake. Mji wa Tukuyu uko kwenye mita kama 1,500 hivi. Mtu aliyesimama Makandana anatazama mlima unaopanda karibu mita 1,400 kutoka alipo yeye.

Mtorwi uko jirani na uwanda wa Kitulo, ambao wenyewe uko takribani mita 2,600. Anayeutazama kutokea huko anaona kilima kilichozidi kidogo, kama mchezaji mrefu aliyesimama katikati ya warefu wenzake. Ukienda upande wa Usangu, ambako safu hiyo inaporomoka ghafla, hadithi inageuka tena na unauona ukuta wa mlima.

Macho, basi, ni shabiki, na shabiki hapewi filimbi.

PEMBETATU, MAJI YA MOTO NA SETILAITI

Njia iliyowapa watu urefu wa milima mingi mikubwa ni ya pembetatu. Mpima anaweka alama mbili mahali palipo wazi na kupima umbali kati yake. Kisha anasimama kwenye kila alama na darubini yenye vipimo vya nyuzi, inayoitwa theodolaiti, na kusoma pembe ya kilele. Baada ya hapo ni hesabu zilezile za kidato.

Uzuri wake ni kwamba hulazimiki kupanda. Everest ilipimwa hivyo kutoka uwanda wa India, zaidi ya kilomita 150 kutoka mlimani, kwa sababu Nepal ilikuwa imefunga mipaka kwa Waingereza.

Mtaalamu wa hesabu Radhanath Sikdar, raia wa India, ndiye anayetajwa kubaini mwaka 1852 kwamba kile walichokiita Kilele namba 15 ndicho kirefu kuliko vyote. Matokeo yalitangazwa mwaka 1856: futi 29,002, yaani mita 8,840.

Inasimuliwa kuwa wastani wa hesabu zao ulitoka futi 29,000 kamili, na wakubwa wakaogopa watu watasema wamekadiria tu. Wakaongeza futi mbili ili namba ionekane imepimwa. Ukichukua vipimo vya leo, walikosea kwa takribani mita tisa, bila mtu yeyote kukanyaga kileleni.

Ubaya wa pembetatu ni hewa. Mwanga unapita kwenye hewa ya joto na ya baridi, unapinda, na kilele kinaonekana mahali kisipokuwa. Tukuyu kuna ugumu mwingine wa ziada. Miteremko ya kusini-mashariki ya Rungwe inaweza kupata mvua ya hadi milimita 3,000 kwa mwaka, na mlima unaweza kukaa ndani ya mawingu siku nzima. Huwezi kupima kona ya goli usilolioni.

Njia nyingine ya wazee ilikuwa kuchemsha maji. Kadiri unavyopanda, hewa inapungua uzito na maji yanachemka mapema. Kila mita 300 hivi, kiwango kinashuka karibu nyuzi moja. Ufukweni yanachemka kwenye nyuzi 100, Tukuyu ni kama 95.

Mama anayepika maharage Makandana analijua hilo bila kipimajoto. Maji yanatokota, mbegu bado ngumu, kuni zinateketea. Wapelelezi wa zamani walikuwa wanabeba kipimajoto na sufuria kwa kazi hiyohiyo, wengine wakabeba baromita. Shida ni kwamba hali ya hewa ikibadilika mchana, mlima nao “unakua” au “unapungua” kwa makumi ya mita.

Siku hizi kazi inafanywa na setilaiti. Mpima anapanda na kifaa cha GPS cha kitaalamu, anakiacha kileleni kwa saa kadhaa, kinapokea mawimbi kutoka setilaiti nyingi na kulinganisha na kituo kilicho chini ambacho urefu wake unajulikana.

Hata hapo kuna mtego. Setilaiti haijui bahari. Inapima kutoka kwenye umbo la dunia la kihesabu, laini kama yai, wakati usawa halisi wa bahari una mabonde na miinuko kwa sababu mvuto wa dunia haulingani kila mahali. Kwenye Kilimanjaro, tofauti ya vipimo hivyo viwili ni zaidi ya mita 10.

Kwa hiyo kijana akipanda Rungwe na simu yake, akapiga picha ya namba kwenye kioo na kuirusha kwenye kundi la mashabiki, hajamaliza ubishi. Simu ikiwa haijafanya marekebisho, kosa lake linaweza kuwa kubwa mara kumi ya mita moja inayogombaniwa.

Ramani nazo zina mchango wao. Februari 2000 chombo cha anga cha Marekani kilizunguka dunia kwa siku 11 kikipima miinuko kwa rada. Ni kazi kubwa, lakini rada ile inagawa ardhi kwenye vipande vya mita 30 kwa 30 na kutoa wastani wa kila kipande. Kilele chembamba kinakatwa kichwa. Kilele kipana kinapona.

KILELE NI KIPI HASA?

Baada ya kujua unaanzia wapi, lazima ukubaliane unaishia wapi.

Rungwe si mnara wenye ncha moja. Ni volkano, na kule juu kuna shimo kubwa lililobomoka upande wa kusini-magharibi, lenye kingo na vilima kadhaa. Wapimaji wawili wakisimama kwenye nukta mbili tofauti, wote wanaweza kuwa sahihi na bado wasilingane.

China na Nepal waliwahi kugombana kwa jambo la aina hiyo. Mwaka 2005 China ilisema Everest ina mita 8,844.43, ikihesabu mwamba tu. Nepal ikashikilia 8,848, ikihesabu na theluji iliyo juu yake. Walibishana mpaka 2010 walipokubali kila mmoja atambue namba ya mwenzake, moja ya mwamba, moja ya theluji. Desemba 2020 wakatangaza kwa pamoja 8,848.86, theluji ikiwa ndani.

Hata nafasi ya kwanza duniani iliwahi kutikiswa. Mwaka 1987 vipimo vya setilaiti vya Marekani vilionyesha K2 ya Pakistan huenda inaizidi Everest. Mwitaliano Ardito Desio akapeleka timu, ikapima milima yote miwili kwa vifaa vilevile. Everest ikabaki kinara, K2 ikabaki ya pili kwa tofauti ya zaidi ya mita 200.

Ubishi ule uliisha kwa sababu Desio alipima wote wawili, kwa kifaa kimoja, kwa utaratibu mmoja. Hakuchukua namba ya huyu kutoka kitabu cha juzi na ya yule kutoka ramani ya babu.

KILIMANJARO NAYO IMEPITA HAPOHAPO

Kila mwanafunzi wa Tanzania anaijua 5,895 kama anavyoijua namba ya jezi ya mchezaji anayemshabikia. Namba hiyo ilitokana na upimaji wa Waingereza mwaka 1952. Kabla ya hapo Hans Meyer, aliyefika kileleni mwaka 1889, alikuwa ameupa mlima zaidi ya mita 6,000.

Mwaka 1999 wapimaji walipanda na GPS, wakapata 5,892. Mwaka 2008 wengine wakarudi na vifaa vya kupima pia mvuto wa dunia, ikatoka 5,891. Mwaka 2014 ikapimwa tena, safari hii ikapanda hadi 5,899.

Mlima haukuwa unarukaruka. Kilichobadilika ni vifaa, na namna ya kuikadiria bahari iliyo chini ya mwamba. Vitabu vingi bado vinaandika 5,895 na hakuna aliyekufa.

Kilimanjaro inaweza kumudu hilo. Anayeifuata Afrika ni Mlima Kenya wenye mita 5,199, kisha Margherita wa Rwenzori wenye 5,109. Ukiongoza ligi kwa karibu mita 700, refa akikosea kwa nne hakuna anayekata rufaa. Rungwe na Mtorwi hawana akiba hiyo.

KWA NINI HII NI HABARI YA MPIRA

Kuna siku namba za milima ziliingia moja kwa moja uwanjani. Mei 2007, FIFA ilipiga marufuku mechi za kimataifa kwenye viwanja vilivyo juu ya mita 2,500. Bolivia, ambayo uwanja wake wa Hernando Siles mjini La Paz uko kwenye mita 3,637, ikawaka. Rais wa wakati huo, Evo Morales, akaenda kucheza mpira kwenye mlima Sajama, kwenye mita kama 6,000, kuonyesha kwamba inawezekana.

Mwaka 2008 marufuku hiyo ikasimamishwa. Aprili 1, 2009, Argentina ya kocha Diego Maradona, Lionel Messi akiwa ndani, ikapanda La Paz na kula 6-1.

Fikiria: uwanja ule uko juu kuliko kilele cha Rungwe kwa mita zaidi ya 600, hata ukitumia namba kubwa kuliko zote. Timu za Dar es Salaam zinazolalamika kukosa pumzi Sokoine, Mbeya, zinacheza kwenye mita kama 1,700 tu. Baridi wanaweza kuisingizia, kimo hapana.

Tanzania nayo iliingia kwenye vitabu vya rekodi kwa njia hiyo. Juni 2017, wanawake kutoka nchi mbalimbali walipanda Kilimanjaro, wakaweka magoli kwenye kreta karibu na kilele na kucheza dakika 90 kwenye mita 5,714. Volcano FC na Glacier FC wakatoka suluhu. Ni rekodi ya dunia ya mechi iliyochezwa juu zaidi, na isingekuwa rekodi kama hakuna aliyepima.

MECHI YA MARUDIANO

Mtu wa Makandana afanye nini, basi, akikutana na mtu wa Makete kijiweni?

Kwanza, asidai kwamba Rungwe ni bingwa kwa sababu kuna mahali imeandikwa 2,981. Mwenzake naye ana kitabu chake. Na asikubali kushindwa kwa mita moja kana kwamba ni matokeo ya mwisho. Namba mbili zilizopatikana kwa njia tofauti, nyakati tofauti, zikitofautiana kwa mita moja, maana yake ni moja tu: sare.

Pili, aulize maswali matatu. Umepima kuanzia wapi? Umeishia kwenye nukta gani? Umetumia kifaa gani? Asiyeweza kujibu hayo anashangilia tu.

Tatu, adai mechi ya marudiano. Vifaa vipo, wapima ardhi wanafundishwa hapahapa nchini, na milima yenyewe inapandika kwa miguu. Vipokezi viwili vya aina moja, kimoja Rungwe, kingine Mtorwi, siku moja, kituo kimoja cha chini, marekebisho yaleyale ya usawa wa bahari. Jibu litatoka kwa sentimita.

Faida yake si majigambo tu. Wilaya inayotaka watalii wapande mlima wake inahitaji namba moja kwenye vibao na vipeperushi. Mgeni atakayekuta namba tatu tofauti ataanza kujiuliza ni nini kingine hakijapimwa.

Inawezekana Mtorwi ikashinda. Makandana itauma meno, lakini itakuwa imefungwa kihalali, na Rungwe itaendelea kusimama palepale kaskazini mwa mji na kuleta mvua yake. Inawezekana pia Rungwe ikatoka mbele, na Tukuyu ikapata ubingwa wa pili usio na maneno, tangu ule wa Banyambala mwaka 1986.